Kutoka "kintulu" mpaka "swole": maneno ya wanyanyua vyuma yametoka wapi?



Majuma mawili yaliyopita, mama mmoja alikuja kunitafuta mlangoni pa redio. Ni mama aliyekimbia kijiji chake na watoto wanne, na sasa analala katika familia pokezi hapa Butembo. Mkononi alishika telefone ya kijana wake.

"Papa wa redio," akaniambia, "nisaidie kusoma hapa. Huyu mtoto kila siku wanaandikiana na wenzake juu ya jus. Jus asubuhi, jus mangaribi. Mimi sina hata pesa ya chumvi. Hiyo jus anainunua na pesa gani?"

Nikasoma. Chini ya picha ya mzungu mwenye kifua kama mlango wa kanisa, vijana walikuwa wanauliziana kwa Kiingereza: "Natty or juice?" Nikamwambia: "Mama, hii si jus ya maracuja. Wanauliza kama mwili wa huyu mtu umetoka katika mazoezi na chakula, ao umetoka katika dawa ya sindano." Mama akanyamaza kidogo. Kisha akauliza swali ambalo ndilo limenifanya niandike: "Na mwanangu, yeye ameyajulia wapi maneno ya sindano?"

Nilienda kumuona kijana. Ana miaka 17. Yeye na wenzake wanafanyia mazoezi nyuma ya ukuta mmoja, na fimbo ya chuma yenye mikebe miwili ya rangi iliyojazwa simenti. Sindano hajawahi kuiona. Maneno tu ndiyo yalimfikia, kupitia video fupi fupi za telefone. Lakini mmoja wa wenzake alikuwa na vidonge mfukoni, na juu ya vile vidonge nitarudi.

Kwa leo basi tufuate safari ya maneno haya. Ni historia ndefu kuliko tunavyofikiri, na Kongo yetu iko ndani yake.

Kengele isiyolia

Tuanze na chuma chenyewe. Kile chuma kifupi cha kushika mkononi, sisi tuliosoma kwa Kifaransa tunakiita "haltère". Neno hilo ni la Wagiriki wa zamani. Lilikuwa jina la vitu vizito ambavyo warukaji walishika mikononi ili waruke mbali zaidi. Waingereza wao wanasema "dumbbell", maana yake kengele bubu. Zamani kule Uingereza, watu walifanya mazoezi kwa kuvuta kamba kama wapiga kengele wa kanisa, lakini juu hapakuwa na kengele ya kulia. Chombo kilibadilika, jina likabaki. Leo kijana wa London anashika "kengele bubu" bila kujua kwamba kulikuwa na kanisa katika jambo hili.

Kama mchezo wa mashindano, kunyanyua vyuma kulikuwamo katika Michezo ya Olimpiki ya kwanza ya nyakati zetu, Athens, mwaka 1896. Siku zile watu walipiga makofi kwa yule aliyeinua kizito zaidi. Kisha akaja mtu mmoja, Eugen Sandow, mzaliwa wa Königsberg. Tarehe 14 Septemba 1901, katika jumba la Royal Albert Hall kule London, alipanga mashindano ambamo watu hawakupewa alama juu ya kilo walizoinua bali juu ya umbo la mwili. Kati ya waamuzi alikuwa mwandishi Arthur Conan Doyle, yule wa Sherlock Holmes.

Hapo njia ziligawanyika mbili. Njia ya kwanza ni ya wanyanyua vyuma, wanaohesabu kilo. Njia ya pili ni ya watunisha misuli, wanaohesabu kioo. Maneno mengi ambayo vijana wetu wanayasema leo yametoka kwa hawa wa pili, na sababu si ngumu kuona. Mtu anayeinua kilo 100 hahitaji maneno, kilo zinamsemea. Anayeonyesha mwili anahitaji kuusemea.

Kituo kilichofuata ni California. Mwaka 1965, Joe Gold alifungua jimu yake katika mtaa wa Venice, karibu na bahari. Mwaka huohuo Joe Weider, mtu wa Montreal mwenye magazeti ya misuli, alianzisha shindano la Mr. Olympia. Kijana mmoja wa Austria, Arnold Schwarzenegger, alilishinda mara 7. Mwaka 1977 ilitoka filamu "Pumping Iron", na neno "pump" likatoka jimu likaingia mitaani. Ni ile hali ya misuli kujaa damu baada ya kazi, kama mpira wa baiskeli unaopigwa pampu.

Kintulu na bapomba

Lakini tusifikiri kwamba Wakongo tulikuwa tumekaa tukingoja intaneti itufundishe maneno ya nguvu.

Katika miaka ya 1950, Kinshasa ikiwa bado inaitwa Léopoldville, vijana wa mitaa waliingia katika sinema kuangalia macowboy wa Marekani. Wakatoka wamejiita Bills, juu ya Buffalo Bill. Wakatengeneza lugha yao, Hindoubill, iliyochanganya Lingala, Kifaransa, Kiingereza na lugha zingine. Mtu mzima aliweza kukaa karibu nao asielewe kitu, na hiyo ndiyo ilikuwa furaha yao. Mazoezi ya kukuza mwili waliyaita "kintulu", kwa sababu "ntulu" kwa Kikongo ni kifua.

Baadaye mji mkuu ukazoea neno "pomba", mtu wa misuli, na wengi wao ni "bapomba". Pomba alionekana mbele ya mlango wa baa, nyuma ya mwanamuziki, pembeni ya mwanasiasa. Wenzetu wa Tanzania na Kenya wana "baunsa", na wana usemi mzuri wa zamani: pande la mtu la miraba minne.

Tena sisi tulipeleka neno nje. Tarehe 30 Oktoba 1974, Muhammad Ali alipopigana na George Foreman pale Kinshasa, watu waliimba kwa Lingala: "Ali, boma ye!" Maana yake, Ali, muue. Nusu karne imepita, na mpaka leo watu ambao hawajui Lingala hata neno moja wanapiga kelele hiyo katika michezo na katika muziki.

Kwa hiyo yanayotokea sasa yalishatokea. Wakati ule neno lilipanda filamu, meli na ndege, likachukua miaka. Leo linapanda telefone, linachukua siku moja. Lakini tabia yake ni ileile: neno linafika mbele, maana inafuata nyuma kwa miguu, na mara zingine haifiki.

Swali, tusi, mzaha

Mwishoni mwa miaka ya 1990, wanyanyua vyuma waliingia katika intaneti. Kampuni ya Bodybuilding.com ilianza mwaka 1999 kwa kuuza vyakula vya unga vya kukuza misuli, na hapo pia watu walikuja kuongea. Mtu aliyekuwa peke yake katika jimu ya kijiji chake alijikuta amekaa meza moja na maelfu. YouTube ikaja mwaka 2005, na sauti zikaongezeka juu ya maandishi. Kila kundi linalokaa pamoja muda mrefu linazaa lugha. Hata askari, hata wanafunzi wa internat, hata madereva wa lori.

"Gains" ilikuwa faida tu. Wakaifanya kuwa nyama iliyoongezeka mwilini, na wengine wakaiandika kwa "z" mwishoni ili kuchekesha. "Bro" ni ndugu. "Leg day" ni siku ya miguu, ile siku ambayo wengi wanaikimbia kwa sababu inaumiza. Mizaha mingi imetoka hapo, juu ya mtu mwenye kifua cha simba na miguu ya korongo.

Lakini neno lililotembea kuliko yote ni swali: "Do you even lift?" Kwa Kiswahili tungesema: "Kwani wewe hata unanyanyua?" Ukilifuata, utaona hatua tatu.

Mwanzo lilikuwa swali la kweli. Mtu anatoa mashauri juu ya mazoezi, mwingine anauliza kama yeye mwenyewe anashika chuma. Ni swali la haki, sawa vile sisi tungemuuliza mtu anayetufundisha kulima kama ana shamba.

Kisha likawa tusi. Watu wawili wanabishana juu ya siasa ao kompyuta, na yule anayeshindwa anajibu: "Kwani unanyanyua?" Maana yake: mimi nina mwili, wewe huna, nyamaza.

Mwishowe, mwanzoni mwa miaka ya 2010, likawa mzaha. Watu wembamba waliosoma vitabu vingi wakaanza kuulizana wenyewe, wakicheka, na kumcheka pia yule aliyetukana kwanza. Kufikia hapo neno lilikuwa limeaga jimu kabisa. Hatua hizi tatu, swali, tusi, mzaha, ndizo njia ya maneno mengi. Shida ni kwamba kijana wa Butembo anapokea neno bila kujua limefika hatua gani. Anaweza kutukana akifikiri anataniana, na kuna ngumi zilishapigwa juu ya kosa kama hilo.

Kuvimba ni sifa ao ni ugonjwa?

Neno lingine ni "swole", husomwa "swol". Ni la Wamarekani weusi, ni namna yao ya kusema kitu kilichovimba. Mwanzoni lilisemwa juu ya mguu ulioteguka ao jicho lililopigwa. Kisha likawa sifa ya mtu mwenye misuli iliyojaa. Mwaka 2019 kamusi kubwa ya Marekani, Merriam-Webster, ilikubali kuliingiza. Mwaka 2020 likatoka tena kwa watu likaingia kwa mbwa: picha ya mbwa mwenye misuli ya ajabu pembeni ya mbwa mnyonge anayelia. Watu wanaitumia kulinganisha kila kitu, babu zetu na sisi, wachezaji wa zamani na wa leo.

Kiswahili kina neno hilohilo, na limetembea njia hiyohiyo. Vijana wa Dar es Salaam wakisema "mwache avimbe", hawasemi juu ya ugonjwa. Wanasema mwache ajivune, ajione.

Ila kwetu hapa neno hilo lina kidonda. Katika lile kundi la vijana wa nyuma ya ukuta, mmoja aliweka picha yao kwenye WhatsApp akaandika: "Sisi tumevimba." Dada mmoja mhami aliiona, na mtoto wake wakati ule alikuwa amelazwa katika kituo cha lishe na miguu imevimba, uso umevimba, nywele zimekuwa nyekundu. Ni ule ugonjwa wa kukosa chakula ambao Kivu wengi wanauita bwaki, na waganga wanauita kwashiorkor. Neno hilo nalo lilisafiri. Ni la Waga wa Ghana, na daktari Cicely Williams ndiye aliyeliingiza katika vitabu vya waganga katika miaka ya 1930. Yule dada aliwakasirikia vijana. Waliomba msamaha, wakafuta.

Sisemi vijana walikosa kwa kupenda miili yao. Ninasema neno moja linaweza kuwa sifa katika nyumba moja na kilio katika nyumba ya jirani, na sisi tunaishi nyumba moja na jirani siku hizi.

Natty na jus

Turudi kwa ile jus ya mama. "Natty" ni kifupi cha "natural", mtu ambaye mwili wake hauna dawa. "Juice" ni dawa zenyewe, steroidi zinazofanana na homoni ya kiume. Si jambo la jana. Kidonge kilichoitwa Dianabol kilianza kuuzwa Marekani mwaka 1958, na wanamichezo hawakuchelewa kukijua. Kwa sababu ni kitu cha kuficha, walikipa majina ya kuficha. Maneno ya siri karibu kila mara yanazaliwa pale ambapo kuna jambo ambalo mtu hataki mama yake asikie.

Intaneti ilifanya siri hiyo kuwa mchezo wa kukisia. Mtu akionyesha mwili, wengine wanauliza: natty ao jus? Swali hilo lina faida yake, kwa sababu uongo ni mwingi. Mmarekani anayejiita Liver King alipata mamilioni ya wafuasi akisema nguvu yake inatoka katika kula maini mabichi na kuishi kama watu wa zamani. Mwezi wa Desemba 2022, baada ya barua zake kuvuja, alikiri kwamba alikuwa anatumia steroidi. Wangapi walikuwa wameshakula maini mabichi?

Wadogo zangu, hapa nisikilizeni vizuri. Steroidi zinazochukuliwa bila muganga zinaweza kuharibu moyo na ini, kufunga uzazi wa mwanaume, hata kumuotesha maziwa kama mwanamke. Sindano ya kugawana inabeba ukimwi. Na vile vidonge nilivyoona mfukoni mwa yule kijana havikuwa hata steroidi za misuli. Ilikuwa dexamethasone, dawa ya kweli ambayo waganga wanaitumia kwa magonjwa fulani, lakini watu wanaimeza ili wanenepe. Ile haiongezi misuli, bali inaipunguza. Inajaza mwili maji na mafuta, uso unakuwa mviringo, sukari ya damu inapanda, kinga ya mwili inashuka. Na aliyeitumia muda mrefu asiiache kwa ghafula peke yake, kwani hiyo nayo ni hatari. Aende kituo cha afya aseme ukweli. Kule hawatamcheka.

Watu nyuma ya maneno

Kuna watu wawili ambao vijana wetu wanasema maneno yao kila siku bila kujua hadithi yao.

Wa kwanza ni Ronnie Coleman, polisi wa Arlington, Texas, aliyeshinda Mr. Olympia mara 8, kuanzia 1998 mpaka 2005. Mbele ya chuma kinachotisha alikuwa anapiga kelele "Light weight, baby!", yaani hiki ni chepesi tu. Katika video ya mwaka 2003 alichuchumaa na kilo kama 363 mabegani, akasimama nayo, mara mbili. Leo mtu yeyote mwenye kazi ngumu, hata mwanafunzi mbele ya egzameni, anasema "light weight". Ni neno zuri la kujipa moyo. Lakini chuma hakikuwa chepesi. Coleman amepasuliwa mgongo na nyonga mara nyingi, na leo hatembei bila magongo ao kiti cha magurudumu. Yeye mwenyewe amesema hajuti. Ni haki yake. Ila kijana anayerudia kelele yake ajue bei iliyolipwa.

Wa pili ni Aziz Shavershian, Mkurdi mzaliwa wa Moscow aliyekulia Sydney, Australia, aliyejulikana kwa jina la Zyzz. Alikuwa mwembamba akichekwa, akajijenga, akawa mfano kwa vijana wa dunia nzima. Maneno yake yalienea sana, kama "mirin", yaani unanitamani, unanishangaa. Tarehe 5 Agosti 2011 alikufa katika sauna kule Thailand, moyo ulisimama. Waganga walikuta alikuwa na kasoro ya moyo tangu kuzaliwa, na hakuna aliyekuwa amejua. Alikuwa na miaka 22. Maneno yake yangali hai, na wengi wanaoyasema walikuwa watoto wachanga siku aliyokufa.

Sisi tufanye nini na maneno haya?

Mimi si mwalimu wa kukataza lugha. Kazi yangu ya redio pia inapenda misuli. Mara ngapi nimesoma habari nikisema pande mbili "zinatunishiana misuli", na wasikilizaji wanajua tayari nani atakimbia na godoro kichwani? Hata neno letu la kawaida linaficha maumivu ya watu.

Lakini tunaweza kuomba neno lije na maana yake. Mzazi, ukisikia neno usilolijua, usimpige mtoto wala usimcheke. Muulize, kama yule mama alivyouliza. Kijana, ukishindwa kumueleza mama yako neno unaloliandika, labda wewe pia haujalielewa.

Tena jambo moja. Maneno haya yalitengenezwa karibu yote na wanaume, na hata mashindano ya wanawake ya kunyanyua vyuma yaliingia katika Olimpiki mwaka 2000 tu, kule Sydney. Lakini mimi nimeona mama akipanda kilima na mtoto mgongoni, sufuria kichwani na gunia mkononi, siku mbili, bila kula. Hakuna aliyemuuliza kama ananyanyua.

Nilimwambia yule kijana wa miaka 17 jambo hilo. Hakujibu, alicheka tu, akaangalia chini. Jumamosi iliyopita nilipita tena. Maji yalikuwa yamekatika mtaani, na wamama wanashuka bondeni kuchota. Bidoni ya litre 20 ni kilo 20, mbili ni kilo 40, na kilima chetu mnakijua. Nikakuta wale vijana sita wanapanda kwa mstari, bidoni mikononi, jasho linatiririka. Yule wa mbele alikuwa anapiga kelele kwa Kiswahili: "Siku ya miguu! Siku ya miguu!" Wamama walikuwa wanafuata nyuma, mikono mitupu, wanacheka.

Mama yake aliponiona aliita kutoka mbali: "Papa wa redio! Hii ndiyo jus niliyotaka!"

Ni hayo kwa leo. Mkiwa na neno ambalo watoto wanalisema nanyi hamulielewi, mulilete mlangoni pa redio. Tutalitafuta pamoja.